Majogoo 23, Matetea 21: Hesabu ya Madume Kwenye Mradi wa Kuku Nyumbani

Ndugu zangu wa ughaibuni, leo hatuongelei kiwango cha kubadilisha riyali wala makato ya kutuma hela. Leo tunaongelea jogoo.

Najua kuna mtu atacheka. Lakini tukubaliane: wengi wetu tukishika mshahara wa kwanza wa maana huku, mradi wa kwanza tunaomfungulia mama kijijini ni kuku. Mtaji ni mdogo, na mama anajua kufuga tangu zamani. Na mradi huo huo ndio wa kwanza kufa. Ukiuliza kulikoni, utaambiwa ni kideri, ni mwizi, au mdogo wako kala hela ya chakula. Mara nyingine ni kweli. Ila kuna sababu moja watu hawaisemi, kwa kuwa inatembea bandani kifua mbele na alfajiri inawika.

Yaliyonikuta mimi

Mimi ni mhasibu, nipo Muscat mwaka wa sita sasa. Nilimtumia mama, yuko Muheza, hela ya vifaranga 50 chotara wa mwezi mmoja, hela ya banda, na mifuko ya chakula ya kuanzia. Baada ya hapo nikawa natuma hela ya chakula kila mwezi kupitia simu ya mdogo wangu wa kiume, maana mama mambo ya namba za siri hayataki. Makubaliano yalikuwa kwamba kuku wakianza kutaga, mayai yalipe chakula na mimi niache kutuma.

Kuku wakafika miezi 9, bado natuma. Kila nikiuliza, mayai ni sita au saba kwa siku. Nikapiga hesabu kichwani: kuku walio hai ni 44, mayai saba? Nikampigia mdogo wangu nikamwambia maneno ambayo sitayaandika hapa. Kwa kifupi, nilimwita mwizi. Akanyamaza, halafu akasema, "Dada, njoo uhesabu mwenyewe." Tukakaa wiki 3 hatuongei.

Nilipokwenda likizo, siku ya pili tu jioni, kuku wameshapanda kulala, tukaingia bandani na tochi. Majogoo 23, matetea 21. Matetea migongo imenyonyoka manyoya kwa kupandwa kutwa, na wengine walishahama banda, wanajificha kwenye migomba na kutaga huko huko. Daftari la chakula la mdogo wangu lilikuwa sawa mpaka kilo ya mwisho.

Nikamuuliza mama kwa nini hakuuza majogoo. Akanishangaa. "Mwanangu, kuku ni wako. Ningeuzaje na wewe hujasema?" Na mimi huku nilikuwa nasubiri yeye aniambie wapo wa kuuza. Nilimwomba msamaha mdogo wangu usiku ule ule, lakini neno likishatoka limetoka. Nikaamua somo hili niliandike, lisije likamkuta mwingine.

Kwa nini madume huwa wengi

Ukinunua vifaranga wa kienyeji au chotara ambao hawakuchaguliwa jinsia, tegemea karibu nusu yao kuwa madume. Hiyo si bahati mbaya, ni maumbile. Vifaranga wa mayai wa kizungu mara nyingi huchaguliwa kiwandani siku wanapototolewa, ndiyo maana unaletewa majike watupu. Chotara mara nyingi huuzwa mchanganyiko.

Kwa hiyo ukimtumia mama hela ya vifaranga 50 ukaandika kwenye bajeti yako "kuku wa mayai 50", umeshakosea hesabu kabla hela haijafika. Sahihi ni matetea kama 25 na mapora kama 25, kisha unatoa watakaokufa.

Mapora hao huanza kujitambulisha mapema. Kuanzia wiki ya 6 mpaka ya 8 upanga wa kichwani unakuwa mkubwa na mwekundu kuliko wa wenzao, na miguu inakuwa minene. Ikifika wiki ya 10 mpaka ya 12, manyoya ya shingoni na ya karibu na mkia yanachongoka na kung'aa, wakati ya tetea yana ncha ya mviringo. Hapo hata mtoto wa shule anaweza kuwahesabu. Andika kwenye kalenda: wiki ya 12 ni siku ya kuhesabu madume.

Je, jogoo anahitajika kweli?

Inategemea unauza nini.

Kama unauza mayai ya kula, jogoo hahitajiki hata mmoja. Wazee wengi nyumbani wanaamini tetea hatagi bila jogoo. Si kweli. Tetea anataga kwa ratiba ya mwili wake, awepo jogoo asiwepo. Tofauti ni kwamba yai halitakuwa na mbegu, kwa hiyo haliwezi kutoa kifaranga. Na kwa joto la pwani hiyo ni faida, kwa sababu yai lenye mbegu likikaa mahali pa joto kiini huanza kukua na yai huharibika upesi. Lisilo na mbegu linavumilia zaidi.

Kama unataka vifaranga, hapo jogoo anahitajika, lakini kwa kiasi. Kwa kuku wa kienyeji na chotara, jogoo mmoja anatosha matetea 8 mpaka 10. Sisi tulikuwa na matetea 21, kwa hiyo majogoo 2 walitosha, na wa tatu akae kama akiba mmoja akifa. Waliobaki 20 walikuwa wageni wanaokula bure.

Jambo lingine la kujua: tetea anahifadhi mbegu ya jogoo mwilini mwake. Ukimtoa jogoo leo, mayai yanaweza kuendelea kuwa na mbegu kwa wiki 2, au zaidi kidogo. Kwa hiyo ukibadilisha jogoo ili upate uzao mpya, subiri wiki 3 ndipo uanze kuatamisha mayai, la sivyo hutajua kifaranga ni wa nani.

Tuingie kwenye namba

Hapa ndipo kazi yangu ilipo, kwa hiyo nivumilieni. Bei nilizoweka ni za mfano. Weka za kwenu.

Kuku mkubwa aliyefungiwa anakula gramu 100 mpaka 120 kwa siku. Tuchukue 120 kwa jogoo. Kwa siku 30 ni kilo 3.6. Chakula kikiwa sh. 1,200 kwa kilo, jogoo mmoja anakula sh. 4,320 kwa mwezi. Majogoo 20 wanakula kilo 72, yaani sh. 86,400 kila mwezi.

Sasa tuangalie bei ya kuuzia. Tuseme jogoo wa miezi 5 anauzwa sh. 20,000. Ukimweka mpaka miezi 9 anauzwa sh. 25,000. Mama anaona umepata faida ya 5,000. Mhasibu anaona hivi:

Chakula cha miezi 4: 4,320 × 4 = sh. 17,280.
Ongezeko la bei: sh. 5,000.
Hasara kwa jogoo mmoja: sh. 12,280.
Hasara kwa majogoo 20: sh. 245,600.

Na hapo sijahesabu kwamba ningewauza wakiwa na miezi 5, ningekuwa na sh. 400,000 mkononi ambazo zingewalisha matetea kwa miezi kadhaa bila mimi kutuma kitu. Hela niliyomshutumu nayo mdogo wangu ilikuwa imekaa juu ya fito, inawika.

Kanuni ya kukumbuka ni moja: jogoo abaki bandani maadamu bei yake inapanda kwa mwezi kuliko anachokula kwa mwezi huo. Siku ongezeko la bei likiwa dogo kuliko chakula, auzwe. Akiwa mdogo anakua haraka na anajilipa. Akishakomaa, mwili unasimama lakini mdomo hausimami.

Kuku wanaojitafutia wenyewe shambani gharama yao ni ndogo zaidi, ni kweli. Lakini bado wanakula pumba za jioni, bado wanachanjwa, na bado wanawasumbua matetea.

Vipi kuhusu kuwahasi?

Swali hili huwa nalipata. Mtu anasema, mbona beberu tunamhasi ananenepa na kutulia, kwa nini tusimhasi jogoo?

Jogoo kuhasiwa ni jambo la kweli na la zamani. Ufaransa wanafuga majogoo waliohasiwa kwa ajili ya meza ya Krismasi, na wale wa eneo la Bresse wanauzwa ghali sana. Sheria za Umoja wa Ulaya zinataka jogoo anayeuzwa kwa jina hilo awe amehasiwa kabla ya kubalehe, anenepeshwe angalau siku 77 baada ya hapo, na asichinjwe kabla ya siku 140. Nyama yake inakuwa laini na yenye mafuta, na yeye hapigani wala hawiki kama jogoo mzima.

Ila kuna mambo manne ya kujua kabla hujamtumia mtu hela ya kazi hiyo.

La kwanza, korodani za jogoo hazipo nje kama za beberu. Zipo ndani ya mwili, zimeshikana na mgongo karibu na figo. Kuzifikia lazima umpasue ubavuni katikati ya mbavu, angali mdogo wa wiki chache. Pembeni yake kuna mishipa mikubwa ya damu. Mkono ukiteleza kidogo, kifaranga anakufa hapo hapo. Huu ni upasuaji. Si kazi ya wembe na majivu, na kumfanyia mnyama hivyo bila ganzi ni mateso.

La pili, kipande kidogo kikibaki ndani, kinakua tena. Umelipa, umehatarisha, na bado una jogoo anayewika na kupanda matetea.

La tatu, soko. Jogoo aliyehasiwa upanga wake unakuwa mdogo na umepauka. Mnunuzi wa gulioni kwetu anaangalia upanga mwekundu na kuku mchangamfu. Akiona umepauka atasema kuku anaumwa, na atakupa nusu ya bei. Mfaransa analipia zaidi kwa sababu anajua anachonunua. Kwetu soko hilo halipo kwa mama wa kijijini.

La nne, gharama ya muda. Faida ya kuhasi inapatikana ukimlisha muda mrefu zaidi. Na sisi tumeshaona juu hapo kwamba muda mrefu ndio unaotumaliza.

Na mtu akikuletea habari za vidonge au sindano za homoni za kumfanya jogoo awe kama amehasiwa, mkatalie. Marekani waliwahi kutumia homoni iitwayo DES kwa kuku, wakaipiga marufuku kwa kuku mwaka 1959 kwa sababu ya mabaki yake kwenye nyama. Nyama hiyo mama yako na wajukuu zake ndio watakaoila.

Kwa hiyo jibu langu kama mhasibu: usihasi. Tenga, uza, kula.

Utaratibu wa hatua kwa hatua

1. Wiki ya 12, hesabu. Wafanye hivyo usiku kuku wamelala, wawafunge madume uzi wa rangi mguuni. Uzi usikaze.

2. Chagua wa kubaki. Mmoja kwa kila matetea 8 mpaka 10, na mmoja wa akiba. Chagua mwenye umbo kubwa, miguu iliyonyooka, macho maangavu, asiyewahi kuugua. Jogoo anayerukia watu na kuparura watoto usimweke kwa mbegu hata awe mzuri vipi.

3. Tenga waliobaki. Chumba chao peke yao, au upande wa banda uliozibwa kwa wavu. Majogoo waliokua pamoja wakikaa bila matetea ugomvi unapungua sana. Matetea nao wanapumzika, manyoya yanarudi, na mayai yanarudi bandani.

4. Uza kwa kalenda. Bei ya jogoo inapanda Krismasi, Mwaka Mpya, Pasaka na Idi zote mbili. Rudi nyuma kwenye kalenda: yai linaatamiwa siku 21, na jogoo wa kuuza anataka kama miezi 5. Ukitaka kuuza tarehe 20 Desemba, vifaranga watotolewe karibu tarehe 20 Julai, maana yake mayai yaatamiwe mwisho wa Juni. Idi inarudi nyuma kama siku 11 kila mwaka, kwa hiyo hesabu upya kila mwaka, usitumie kalenda ya mwaka jana.

5. Usingoje sikukuu kwa gharama yoyote. Kama sikukuu iko miezi 3 mbele na jogoo ameshakomaa, piga hesabu: sh. 4,320 × 3 ni sh. 12,960. Je, sikukuu itaongeza bei kwa zaidi ya hapo? Kama hapana, auzwe Jumamosi hii.

6. Badilisha jogoo wa mbegu kila mwaka. Usimwache apande mabinti zake, uzao unadhoofika. Badilishana na jirani wa mbali kidogo. Jogoo mgeni akae peke yake angalau wiki 2 kabla ya kuchanganywa, asije na maradhi.

7. Chanjo. Kideri hakichagui dume wala jike. Chanjo ya I-2, ile inayovumilia joto, ni tone moja jichoni, inarudiwa kila baada ya miezi 3. Muulize afisa mifugo wa kata pia kuhusu ndui na gumboro. Hela iliyoko bandani haina bima, chanjo ndiyo bima yake.

Kwa anayeanza sasa, kuna njia nyingine: nunua matetea waliokwisha kutambulika, wa miezi 3 au zaidi. Bei yao kwa kichwa ni kubwa, na watu wanaikimbia. Lakini chukua bei ya kifaranga, zidisha mara mbili kwa sababu nusu ni madume, ongeza chakula cha miezi hiyo na wanaokufa, toa utakachopata ukiuza mapora. Mara nyingi utakuta tofauti ni ndogo kuliko ulivyodhani.

Makubaliano kati yako na nyumbani

Kosa langu kubwa halikuwa la kuku. Niliacha mradi hauna mtu mwenye ruhusa ya kuuza. Mama aliheshimu mali yangu, mdogo wangu alifuata alichoagizwa, na mimi nilikuwa mbali. Kila mtu alikuwa mwaminifu na hela ikapotea.

Sasa hivi tuna makubaliano yaliyoandikwa kwenye daftari la mama na kwenye simu yangu:

Jogoo yeyote aliyezidi idadi akifika miezi 5 anauzwa, bila kuniuliza. Bei ya chini imeandikwa. Mama akitaka kuchinja kwa ajili ya mgeni, achinje na aandike. Asijione kama anaiba kuku wa nyumbani kwake.

Hela ya majogoo inanunua kwanza chakula cha matetea. Ikibaki, robo ni ya mdogo wangu anayelisha na kufagia, kwa sababu mtu anayefanya kazi alfajiri bila malipo ipo siku atajilipa mwenyewe, na hutaweza kumlaumu.

Kila Jumapili napokea ujumbe wenye namba sita: majogoo, matetea, mayai ya wiki, kilo za chakula zilizotumika, waliokufa, waliouzwa. Hazizidi mistari sita. Gawa kilo za chakula kwa idadi ya kuku na kwa siku 7. Ikija kati ya gramu 100 na 120 kwa kuku wakubwa, hakuna mwizi. Ningekuwa na hesabu hiyo toka mwanzo, nisingemtukana mtu.

Na hela nisitume kwa mazoea. Zamani nilikuwa natuma kiasi kile kile kila mwezi, na makato kila mwezi. Sasa natuma pale tu namba sita zikionyesha pengo. Mwaka huu nimetuma mara mbili, moja ya dawa na moja ya kutengeneza paa.

Kwa mlio Uingereza na Marekani

Wapo mnaofuga kuku wachache nyuma ya nyumba huko huko. England na Wales, tangu tarehe 1 Oktoba 2024, kila anayefuga kuku lazima ajisajili, hata awe na kuku mmoja. Scotland walianza tarehe 1 Septemba mwaka huo huo. Kumhasi jogoo Uingereza hairuhusiwi. Kelele za kuwika zinaweza kukuletea barua kutoka halmashauri jirani akilalamika. Marekani miji mingi inaruhusu matetea na inakataza majogoo, kwa hiyo soma kanuni za mji wako kabla hujanunua. Kwa mayai ya kula, kama tulivyosema, jogoo humhitaji.

Zoezi la wiki hii

Piga simu nyumbani leo jioni. Usianze na hela. Uliza mambo matatu tu: majogoo wangapi, matetea wangapi, na jogoo mkubwa kuliko wote ana miezi mingapi. Halafu chukua majogoo waliozidi, zidisha kwa kilo 3.6, zidisha kwa bei ya kilo ya chakula ya kwenu. Namba utakayopata ndiyo unayotuma kila mwezi kuwalisha wasio na kazi.

Na kama ulikuwa umeshaanza kumshuku mtu, hesabu kwanza. Mdogo wangu tunaongea vizuri sasa, lakini kila Jumapili akituma zile namba sita, mwisho huwa anaongeza mstari wa saba: "Umehesabu, dada?" Najua anatania. Najua pia hajasahau.